Alama Zisizochapwa: Asili ya Amri Zilizomo Katika Msimbo wa Maandishi ya Kompyuta, na Tatizo la Kuzipa Majina

Miaka kadhaa iliyopita niliombwa kuupitia mwongozo wa mitambo uliokuwa umefasiriwa kwa Kiswahili kwa ajili ya makarani wa ofisi moja. Kazi ilikuwa imefanywa kwa bidii, na sehemu kubwa ilisomeka vizuri. Lakini katika ukurasa mmoja nilikuta agizo la ajabu: iwapo orodha ya majina iliyopokewa kutoka ofisi nyingine itaonekana kama mstari mmoja usiokwisha, karani aondoe "mstari mpya" na badala yake aweke "mstari mpya". Nililisoma agizo hilo mara tatu. Makarani nao walikuwa wamelisoma, na kwa kuwa ni watu watiifu, waliondoa mstari mpya wakaweka mstari mpya, na orodha ikabaki vile vile. Mwishowe majina yote, mamia kadhaa, yalipigwa chapa upya kwa mkono.

Mfasiri hakuwa mzembe. Katika matini ya asili alikuta maneno mawili yaliyohusu mwisho wa mstari. Kamusi alizokuwa nazo hazikumsaidia. Akaona yote mawili yana matokeo mamoja machoni pa msomaji, akayapa jina moja. Kosa lake ni la kawaida katika kazi yetu: alitazama matokeo, hakutazama tendo. Na tendo lenyewe si rahisi kulitazama, kwa sababu mashine iliyolifanya imekwisha kutoweka ofisini. Makala haya yanakusudia kuirudia historia ya alama hizo zisizochapwa, tangu zilipokuwa matundu katika utepe wa karatasi, kisha kuuliza ni majina gani yanayozifaa kwa Kiswahili. Nakiri mapema kwamba historia hiyo ilinibadili mawazo juu ya istilahi moja niliyokuwa nikiitetea.

Wazo la kuandika kwa hali mbili tu ni kongwe kuliko umeme. Francis Bacon wa Uingereza alieleza katika kitabu chake cha mwaka 1623 namna ya kuficha habari kwa kuiandika kila herufi kama kundi la alama tano, kila alama ikiwa ama a ama b. Leibniz naye, katika makala yake ya mwaka 1703, alionyesha hesabu nzima ikifanywa kwa tarakimu 0 na 1 peke yake. Kanuni ni nyepesi. Nafasi moja ina hali mbili, nafasi mbili zina hali nne, tatu zina nane, na nafasi tano zina hali 32. Nafasi hiyo moja ndiyo tuiitayo biti, na utaratibu mzima twaweza kuuita msimbo wa uwili.

Simu ya maandishi ya Morse, iliyotumika hadharani mwaka 1844 kati ya Washington na Baltimore, haikufuata utaratibu huo kikamilifu. Herufi zake hazilingani urefu: E ni nukta moja tu, hali nyingine zina nukta na vistari vitatu au vinne. Sikio la binadamu laweza kutambua herufi moja imekwisha wapi na nyingine imeanza wapi, kwa maana binadamu husikiliza pia kimya kilichopo kati. Mashine hupata taabu. Mhandisi Mfaransa Émile Baudot, ambaye kipimo cha kasi ya mawasiliano kiitwacho bodi kimepewa jina lake, alipata hataza mwaka 1874 kwa ajili ya msimbo ambao kila herufi yake ina biti tano kamili, si zaidi wala si pungufu. Mpelekaji habari alikuwa na vibonye vitano, viwili kwa mkono wa kushoto na vitatu kwa mkono wa kulia, akivibonyeza kwa pamoja kama mpiga kinanda, tena kwa kufuata mwendo uliowekwa na mtambo wenyewe.

Hapa ndipo tatizo letu lilipozaliwa. Biti tano hutoa hali 32. Herufi za Kilatini ni 26, tarakimu ni 10. Jumla 36, na bado hujaweka nukta wala mkato. Baudot akatatua kwa hila moja: hali mbili kati ya zile 32 hazikuwa herufi wala tarakimu. Moja ilikuwa na maana ya kwamba "yafuatayo ni herufi", nyingine "yafuatayo ni tarakimu". Hazikuchapwa. Kazi yake ilikuwa kubadili maana ya vile vilivyozifuata. Kwa kadiri ya msimbo wa uwili, basi, zilifanana na A na B, kwani zilikuwa biti tano kama nyingine zote; bali kwa kadiri ya msomaji hazikuwapo.

Hila hiyo ilikuwa na hatari yake, na waliowahi kufanya kazi ya teleksi wanaikumbuka. Katika msimbo uliotumika baadaye duniani kote kwa teleksi, herufi za safu ya juu ya taipureta, kuanzia Q hadi P, zilishirikiana nafasi na tarakimu kuanzia 1 hadi 0. Ikiwa mlio mmoja wa umeme njiani uliiharibu ile alama ya kubadilisha, mtambo wa mpokeaji uliendelea kuchapa katika hali iliyotangulia bila kujua. Mtu aliyepelekewa neno TUPO angepata 5709. Na mfanyabiashara aliyetajiwa bei ya shilingi 500 angepata TPP. Hakuna herufi hata moja iliyoharibika. Kilichoharibika ni kitu kisichoonekana.

Aliyezidisha idadi ya vitu hivyo visivyoonekana ni Donald Murray, mzaliwa wa New Zealand, ambaye mwanzoni mwa karne ya 20 aliunda mtambo wenye kibao cha vibonye kama cha taipureta. Mpelekaji habari hakuhitaji tena kuukariri msimbo. Alipiga chapa, na mashine ikatoboa utepe. Kwa kuwa mkono wa mtu haukuhusika tena katika kuunda biti, Murray aliweza kuzipanga upya kwa faida ya mashine. Alizipa herufi zinazotumika zaidi matundu machache zaidi, ili vyuma vya kutobolea visichakae upesi. Na kwa kuwa mtambo wa mpokeaji sasa ulichapa kurasa, ulihitaji kuambiwa mambo ambayo mpiga taipureta huyafanya kwa mkono bila kufikiri: kurudi mwanzo wa mstari, na kuisogeza karatasi ili mstari wa pili usichapwe juu ya ule wa kwanza.

Msimbo huo, ambao baada ya marekebisho ulipata kuwa Alfabeti ya Kimataifa ya Telegrafu Namba 2, una hali tano tu zenye tundu moja peke yake. Mbili walipewa E na T, herufi zitumikazo mno katika Kiingereza. Ya tatu ni nafasi kati ya maneno. Mbili zilizobaki ni amri ya kurudi mwanzo wa mstari na amri ya kuisogeza karatasi. Yaani katika nafasi tano za heshima kuu, alama zisizochapwa zilitwaa tatu. (Lau msimbo huo ungalipangwa kwa Kiswahili, hapana shaka tundu moja lingalikuwa la A, katika mpango wa Murray A ina matundu mawili. Kila karani wa teleksi wa Dar es Salaam au Nairobi alichakaza vyuma vyake kidogo zaidi kwa sababu ya E ya Waingereza.)

Naomba msomaji azingatie kwamba amri hizo zilikuwa mbili tangu mwanzo, na kwamba zilikuwa matendo mawili ya vyuma viwili tofauti. Moja ilisukuma kwa upande. Nyingine ilizungusha roli ya karatasi. Ukipeleka ya kwanza bila ya pili, waweza kuchapa juu ya maneno yaliyokwisha kuchapwa. Na watu walifanya hivyo makusudi, ili kukoleza wino au kupiga mstari chini ya kichwa cha habari. Ukipeleka ya pili bila ya kwanza, maandishi yataendelea mstari wa chini kuanzia pale pale yalipokomea, kama ngazi.

Kompyuta zilipoanza kuenea katika miaka ya 1950, kila kiwanda kilikuwa na msimbo wake, na mashine ya huyu haikuelewa utepe wa yule. Mwezi Oktoba 1960 kamati ya chama cha viwango cha Marekani ilianza kukutana ili kuunda msimbo mmoja. Tokeo lake, lililochapishwa mwaka 1963 na kurekebishwa sana mwaka 1967, ndilo ASCII, yaani Msimbo Sanifu wa Marekani wa Kubadilishana Habari. Kamati iliujadili ule mtindo wa Baudot wa kubadilisha maana, ikaukataa kwa sababu ile ile ya TUPO na 5709. Badala yake iliongeza biti hadi saba, ikapata nafasi 128, zikatosha herufi kubwa, tarakimu, alama za uandishi na, tangu marekebisho ya 1967, herufi ndogo pia. Nafasi 32 za mwanzo ziliwekwa kando kwa ajili ya alama zisizochapwa. Zote huanza kwa 00, hivyo mashine ikitazama biti mbili tu za mwanzo hujua kwamba hapa si pa kuchapa.

Mpangilio wa msimbo huo wastahili kusifiwa. Tarakimu 7 ni 0110111, na biti nne za mwisho ndizo saba yenyewe katika hesabu ya uwili. Herufi kubwa A ni 1000001, herufi ndogo a ni 1100001. Tofauti ni biti moja. Tena, ukiichukua herufi G, ambayo ni 1000111, ukaifuta biti yake ya kwanza, wapata 0000111, ambayo ni amri ya kupiga kengele. Ndiyo kazi halisi ya kile kibonye cha pembeni kiitwacho Ctrl: katika teleprinta za zamani kiliifuta biti hiyo, kikaigeuza herufi kuwa amri. J ikawa amri ya kushusha karatasi, M ikawa amri ya kurudi mwanzo wa mstari.

Alama moja tu isiyochapwa imewekwa mbali na wenzake, mwisho kabisa wa jedwali, nafasi ya 127: biti zote saba ni 1. Hii ni alama ya kufuta. Kwa nini itengwe? Kwa sababu tundu lililokwisha kutobolewa katika karatasi haliwezi kuzibwa. Mtoboaji aliyekosea herufi aliurudisha utepe nyuma nafasi moja, akayatoboa matundu yote yaliyobaki, na mashine ikaagizwa kupuuza kila safu yenye matundu yote. Kinyume chake ni nafasi ya 0, ambayo haina tundu hata moja; hiyo ni karatasi tupu, ule mkia wa utepe unaoachwa mwanzoni ili mashine ipate pa kushika. Hivyo "futa" na "tupu" za kompyuta si maneno ya falsafa. Ni hali mbili za karatasi. Msimbo wa teleksi ulikuwa umekwisha kutumia hila hiyo hiyo kwa matundu yake matano.

Tarehe 11 Machi 1968 Rais Lyndon Johnson aliagiza kwamba kompyuta zitakazonunuliwa na serikali ya Marekani ziwe na uwezo wa kutumia ASCII. Kiwanda cha IBM kilikuwa na msimbo wake mwingine wa biti nane katika mashine zake kubwa zilizotangazwa mwaka 1964, na hakikuuacha. Lakini kwa wengine njia ilikuwa imekwisha kupasuliwa. Na chombo kilichoipitia njia hiyo kwa wingi kilikuwa teleprinta ya Teletype namba 33, iliyotoka mwaka 1963, yenye kelele na ya bei nafuu, ambayo ilichapa herufi kumi kwa sekunde.

Herufi kumi kwa sekunde maana yake ni kwamba kila alama ilipewa sehemu moja ya kumi ya sekunde. Lakini kichwa cha kuchapia kikiwa kimefika ukingo wa kulia hakikuweza kurudi kushoto kwa muda mfupi hivyo. Ndiyo maana ilikuwa desturi kupeleka kwanza amri ya kurudi, kisha amri ya kushusha karatasi: wakati karatasi inasogea, kichwa bado kiko safarini. Hata hivyo mara nyingine kilichelewa, na herufi ya kwanza ya mstari mpya ikachapwa katikati ya ukurasa. Basi watu wakaongeza alama tupu moja au mbili ili kununua muda. Mpangilio wa alama katika mamilioni ya faili za leo ulitokana na uzito wa kipande cha chuma.

Waliofuata hawakukubaliana. Watunzi wa mfumo wa Unix, ulioanza mwaka 1969, walifuata mfano wa mfumo wa Multics uliotangulia: waliona ndani ya kompyuta hakuna kichwa cha kuchapia cha kusubiri, wakaweka amri ya kushusha peke yake kuwa kikomo cha mstari. Mifumo ya CP/M na DOS ilizihifadhi zote mbili, kama utepe ulivyotaka. Kompyuta za Macintosh, zilizotoka mwaka 1984, zilitumia amri ya kurudi peke yake, hadi mfumo wao ulipobadilishwa mwaka 2001. Barua za intaneti zikaamuliwa zitumie zote mbili. Programu ndogo ya kuandikia ijulikanayo sana, Notepad, iliendelea kuonyesha faili za Unix kama mstari mmoja usiokwisha hadi mwaka 2018. Hiyo ndiyo orodha ya majina ya makarani wangu.

Sasa twende kwenye istilahi. Jina la jumla kwanza.

Wapo waandikao "herufi dhibiti". Siwezi kulikubali neno "herufi" hapa. Herufi kwa Mswahili ina sauti na ina umbo; mtoto huisoma, huiandika ubaoni. Amri ya kupiga kengele haina sauti ya lugha wala umbo. Neno "kibambo", lililotumika katika baadhi ya programu zilizofasiriwa, lina faida ya kutofungamana na sauti, ila wasomaji wengi bado hulishangaa. "Alama" ni neno pana zaidi. Twasema alama ya mkato, alama za barabarani, alama za mtihani. Alama humwonyesha mtu jambo la kufanya pasipo kulitamka. Nalipendelea hilo.

Na sehemu ya pili? Kwa muda mrefu nilitetea "alama ya amri", nikidai kwamba "dhibiti" ni neno la polisi na bei za vyakula. Historia haikuniunga mkono. Ukilitazama jedwali la mwaka 1967 utaona kwamba amri halisi, kama kurudi, kushusha na kupiga kengele, ni sehemu tu. Ziko nyingine ambazo ni mipaka ya ujumbe: mwanzo wa anwani, mwanzo wa matini, mwisho wa matini, mwisho wa kupeleka. Hizo hazimwamrishi mtu. Zinasema "hapa ndipo". Ziko zile za karatasi tupu na karatasi iliyotobolewa pote, ambazo hazisemi lolote. Na ziko za mazungumzo ya mashine kwa mashine, nitakazozirudia. Amri haizikusanyi zote. Lakini zote zinadhibiti: ama mtambo, ama ujumbe, ama mwendo wa mazungumzo. Basi iwe "alama dhibiti", kwa muundo ule ule tuliokwisha kuuzoea katika "lugha sanifu".

Kuhusu majina ya moja moja, hatari kubwa ni kufasiri viungo vya mashine badala ya tendo. Neno la Kiingereza la amri ya kurudi linataja kibebeo cha taipureta, na nimewahi kuona linafasiriwa kana kwamba ni gari linalorejea. Vijana wanaofundishwa kompyuta leo hawajaiona taipureta. Tena wengi wetu hatukuzipata mashine za utepe kabisa: nchini Tanzania uingizaji wa kompyuta ulipigwa marufuku mwaka 1974, na marufuku hayo yalipoondolewa baadaye, mashine zilizoenea zilikuwa za kioo. Istilahi zilitufikia bila vyuma vyake. Afadhali tutaje tendo, ambalo bado lipo.

Lakini tendo lenyewe lahitaji jina lisilo na mwenyewe. "Kirejeshi" kingefaa, ila wanasarufi wamekwisha kukitwaa kwa ajili ya amba- na o- ya urejeshi. "Mrejesho" umepewa maana ya majibu yanayomrudia mtoa habari. Napendekeza "kirudishi" kwa alama ya 13, irudishayo mwanzo wa mstari, na "kishushi" kwa alama ya 10, ishushayo mstari mmoja. Dhana ya tatu, ile ya alama yoyote au jozi yoyote inayotumiwa na mfumo fulani kumaliza mstari, iitwe "kikomo cha mstari". "Mstari mpya" libaki kuwa jina la kile kinachoonekana kwenye ukurasa, si la kinachokisababisha.

Zile za mazungumzo zinapendeza zaidi. Katika teleksi palikuwa na alama ya kuuliza "wewe ni nani", na mtambo wa upande wa pili ukajibu wenyewe kwa kutaja jina na namba yake, hata kama ofisini hamna mtu. ASCII ya mwaka 1963 iliirithi alama hiyo. Mwaka 1967 ikapewa jina pana zaidi la ulizo, nafasi ya 5, na kando yake, nafasi ya 6, ikawekwa alama ya kukiri kupokea. Sioni kwa nini tuhangaike. Mswahili akifika mlangoni hupiga hodi, na aliyemo huitikia. Ya 5 iwe "hodi", ya 6 iwe "itikio", na ile ya 21, ya kukana kupokea, iwe "kanusho". Mwanafunzi hatahitaji kufafanuliwa mara mbili.

Alama ya 27 ni ngumu. Bob Bemer, aliyeipigania iingie katika msimbo, alitaka njia ya kuiambia mashine kwamba alama zifuatazo zisisomwe kwa maana yake ya kawaida bali kwa jedwali jingine. Waliofasiri kwa "toroka" wamemfanya mfungwa. Hakuna anayekimbia, kuna msafara unaoacha barabara kuu kwa muda. "Mchepuo" ungefaa, ingawa shule zinalitumia kwa masomo ya sayansi na ya sanaa, na "mchepuko" sina haja ya kueleza kwa nini hauwezi kuingia katika vitabu vya serikali.

Wazo hilo la mchepuo latuhusu kuliko tudhaniavyo. Kamati ya Lugha ya Afrika Mashariki, iliyoanza kazi mwaka 1930, iliposanifisha tahajia ya Kiswahili iliacha kila kitu ndani ya herufi za kawaida za taipureta. Kwa sababu hiyo Kiswahili chote kiliingia katika nafasi 128 za ASCII bila kuacha kitu nje, wakati Kifaransa kilikosa é yake, na Kikuyu kikakosa ĩ na ũ. Ni bahati kubwa. Lakini kuna mahali pamoja inapopungua: ng' ya ng'ombe. Kwetu kistari kile ni sehemu ya sauti. Katika ASCII ni alama ya 39, ambayo lugha nyingi za kuandikia programu huitumia kufungua na kufunga maneno. Mashine isiyoonywa ikilikuta neno ng'ombe husoma "ng", ikadhani neno limekwisha, na ombe likaonekana kuwa amri isiyojulikana. Alama iliyo herufi kwa msomaji mmoja imekuwa amri kwa msomaji mwingine, na dawa yake ni kuitanguliza alama ya mchepuo.

Kiswahili kilichoandikwa kwa herufi za Kiarabu hakikuwa na bahati hiyo, na hicho ndicho kikongwe zaidi. Utenzi wa Tambuka ulitungwa Pate mwaka 1728. ASCII haikuwa na nafasi kwa herufi hata moja ya maandishi hayo. Ilibidi kungoja Unicode, ambayo toleo lake la kwanza lilitoka mwaka 1991. Nayo, ili kuyaweka pamoja maandishi yaendayo kushoto na tarakimu ziendazo kulia, ilibidi kuunda alama mpya zisizochapwa: ya kuonyesha mwelekeo wa kulia, ya kuonyesha mwelekeo wa kushoto, ya kuziunganisha herufi na ya kuzizuia zisiungane. Mhariri anayeuchapa leo utenzi wa kale pamoja na tarehe zake atakutana nazo. Hizo si mabaki ya utepe. Zimezaliwa kwa sababu ya lugha zenyewe.

Jambo la mwisho ni la kiutaratibu, na lina faida kwetu. Unicode ilizipokea alama dhibiti za zamani, ikazihesabu 65, yaani zile 33 za ASCII pamoja na 32 zilizoongezwa katika misimbo ya biti nane. Lakini haikuzipa majina rasmi. Kila herufi ya dunia ina jina lake katika jedwali hilo, ila hizi zimeandikiwa tu kwamba ni dhibiti, na majina ya zamani yamewekwa pembeni kama lakabu. Kwa hiyo mfasiri wa Kiswahili anayeandika "kirudishi" hakiuki kiwango chochote cha kimataifa, mradi ataje pia namba yake, 13, kwa kuwa namba ndiyo inayosomwa na mashine.

Ule mwongozo wa makarani ulichapwa tena. Ukurasa niliouzungumzia mwanzo sasa wasomeka kwamba iwapo orodha imetoka katika mtambo unaotumia kishushi peke yake, yaani alama ya 10, karani aongeze kirudishi, alama ya 13, kabla ya kila kishushi, kisha aihifadhi orodha kwa jina jingine ili ile ya asili isipotee.